Wahuni wa Kijiweni

Yasemwa katika kumbi za elimu kwamba vijana wa Arusha wanaofokafoka vijiweni ni wahuni, na maneno yao ni uchafu wa lugha. Nakanusha. Mwaka 1996 X Plastaz walianza mjini humo. Wakaunganisha Kiswahili na Kihaya na uimbaji wa Kimasai wa Yamat Ole Meipuko, na albamu yao, Maasai Hip Hop, ikatolewa Ujerumani mwaka 2004. Uchafu gani huo! Mtalii huelekezwa Mnara wa Saa akapige picha. Kijana akisimama hapo na vina vyake huulizwa amefuata nini. Amebakiziwa kijiwe cha Unga Limited, nacho ni baraza kama mabaraza yaliyowalea malenga. Faza Nelly wa kundi hilo alifariki mwaka 2006. Enyi walimu wenzangu, ni darasa lenu lipi limechambua vina vyake?