Kitabu cha Gari Kabla ya Msimu



Karafuu mbichi zikilala chunguni huwa mpeta, na gari likiharibika njiani ndiyo mojawapo ya sababu. Wenye Land Rover kuukuu, hapa kwetu na hata huko Muyama katika milima ya Kigoma, watafute mapema kitabu cha matengenezo, tena cha gari lao hasa. Wasome mwaka, na namba ya chasisi mpaka herufi yake ya mwisho. Katika Land Rover nyingi za kabla ya 1967, waya chanya wa betri ndio unaofungwa kwenye chasisi. Za baadaye ni waya hasi. Fundi akigeuza, dainamo huweza kuungua.

Rai yetu: chama kinunue nakala moja, ikae ofisini, mwanachama aje na fundi wake waisome. Gunia moja likiwa mpeta, hasara yake yapita bei ya kitabu.