Hao si walinzi wa geti
Mwandishi, umewaonea askari wa eneo la wazi la Hampstead Heath, London. Hao si walinzi wa geti waliovalishwa sare. Wanaapishwa kuwa makonstebo chini ya sheria ya bustani za London ya mwaka 1967, na mwajiri wao ni Shirika la Jiji la London, linalosimamia eneo hilo tangu 1989. Kweli ni wachache, wa kuhesabika. Lakini sisi wapita njia wa jioni tunawajua kwa sura, na mbwa wao pia (wapole kuliko mabosi wao). Wizi mkubwa na mauaji waachiwe polisi wa Metropolitan. Ila jiko la nyama choma kwenye nyasi zilizokauka, au mbwa anayekimbiza bata bwawani, nani mwingine atahangaika navyo?