Safari ya Kikazi ni ya Nyumba Nzima

Mfanyakazi anapokabidhiwa barua ya kumtuma Ifakara kwa kazi ya siku tatu, barua hiyo husomwa kwa macho mawili tofauti. Yeye huona kazi, vumbi na gharama ya malazi. Mwenziwe nyumbani huona posho itakayotoka, na maswali ambayo aghalabu hayaulizwi kwa sauti: kitarudi kiasi gani, na jioni mtu huyu atakuwa wapi? Safari nyingi huharibika hapo, kabla hata basi halijaondoka.

Ndugu msomaji, si nia yetu leo kumkataza msafiri asitazame nchi yake. Kinyume chake, twaona ni hasara kubwa mtu kufika bonde la Kilombero, akarejea na kumbukumbu ya kuta nne za nyumba ya wageni na meza ya baa. Lakini siku ya kutembea hapana budi ipangwe kama kazi yenyewe inavyopangwa, na ipangwe na wawili.

Jambo la kwanza ni hesabu. Posho ya kujikimu hutolewa ili mtumishi ale, alale na afanye kazi aliyotumwa. Siku ya matembezi ni yake binafsi, kwa hiyo iwe ni ya mapumziko au ya likizo aliyoombewa ruhusa, na igharamiwe kwa fedha zake. Gari la ofisi lisihusike. Kiasi cha matembezi kitajwe nyumbani mapema, kama kinavyotajwa cha unga na cha karo. Fedha iliyotajwa haizui ugomvi. Inayozua ugomvi ni ile inayogunduliwa mfukoni.

La pili ni mpango wa njia. Kutoka Dar es Salaam hadi Ifakara ni takriban kilomita 400, kwa kupitia Morogoro na Mikumi, kisha Kidatu. Reli ya TAZARA, iliyokabidhiwa rasmi mwaka 1976, nayo hupita Ifakara. Lakini treni za abiria zina siku zake, na mwenye miadi ya kazi aulizie stesheni kabla ya kuitegemea. Aidha, ajihadhari na miezi ya masika, Machi hadi Mei, kwani bonde hilo ni la mafuriko na njia za vijijini huwa taabu.

Tuseme kazi ni ya Jumatano hadi Ijumaa. Jioni ya Ijumaa, nenda ukaone Mto Kilombero. Daraja lenye urefu wa mita 384, lililofunguliwa mwaka 2018, huunganisha Ifakara na upande wa Ulanga na Malinyi. Kabla yake watu walivuka kwa kivuko, na Januari 2016 kivuko kilipinduka mtoni, watu wakapoteza maisha. Karani ambaye maisha yake yote amepitisha majalada ya madaraja na barabara, akisimama hapo dakika kumi tu, atafahamu kwa nini saini yake isikae mezani wiki tatu.

Maji hayo unayoyatazama huendelea mashariki, yakakutana na ya Mto Luwegu, ukazaliwa Rufiji, ambako limejengwa Bwawa la Julius Nyerere. Na ulipopita Kidatu ulipita penye mitambo ya umeme ya megawati 204, inayoendeshwa na maji ya Ruaha Mkuu. Taa ya sebuleni kwako ina asili yake, nawe umeipita njiani.

Jumamosi, anza kurudi. Mang'ula, yalipo makao ya Hifadhi ya Taifa ya Milima ya Udzungwa, ipo kati ya Ifakara na Kidatu. Hivyo matembezi hayakupotoshi njia. Hifadhi hiyo ilianzishwa mwaka 1992 na ina eneo la kilomita za mraba 1,990. Hutembelewa kwa miguu, pamoja na mwongozaji. Yapo maporomoko ya Sanje, ya kimo cha takriban mita 170, na wapo mbega wekundu wa Udzungwa na kima wa Sanje ambaye wataalamu walimtambua mwaka 1979. Wote wawili hawapatikani porini popote duniani nje ya Milima ya Udzungwa na viunga vyake. Chukua kitambulisho, kwani kiingilio cha raia ni nafuu kuliko cha mgeni. Chukua pia viatu vinavyoshika na maji ya kunywa. Lala Mang'ula, na Jumapili ushike basi la nyumbani.

Chandarua usikisahau. Ifakara yenyewe ni mwalimu wa jambo hili. Maabara iliyoanzishwa hapo na Waswisi mwaka 1957, ambayo leo ni Taasisi ya Afya Ifakara, ilishiriki miaka ya 1990 katika utafiti wa Kilombero na Ulanga ulioonyesha kuwa vyandarua vyenye dawa huokoa maisha ya watoto wadogo. Hata hivyo, hospitali na maabara si mahali pa matembezi. Ukitaka kuingia, omba kwa utaratibu; ukikataliwa, shukuru na uende zako.

Limebaki la tatu, na ndilo zito. Wapo waume wanaofunga safari bila neno, lakini mke akitumwa na ofisi yake kwenda Ifakara, nyumba hugeuka baraza la mashtaka. Hii si haki. Mwanamke anayesafiri peke yake ahitaji yale yale ayahitajiyo mwanamume: kufika kabla ya giza, malazi yaliyoulizwa mapema kwa wenyeji wa kazi, na mtu nyumbani anayejua yuko wapi. Kupiga simu kila jioni ni ada njema kwa wote wawili, mradi iwe ya kujuliana hali na si ya upelelezi.

Mwisho, usirudi mikono mitupu. Ijumaa, kabla ya kwenda mtoni, pita penye mashine ya kukoboa mpunga, ununue mchele wa Kilombero kwa kadiri ya uwezo. Ukishaupeleka nyumbani, fungua ramani mbele ya watoto, uwaonyeshe mto, daraja na milima. Watakuuliza maswali mengi, na utayajibu ikiwa ulitazama. Msafiri aliyekwisha kutoa hesabu ya fedha zake na ya siku zake hana la kuficha, na safari ijayo atasindikizwa hadi kituoni.