Uliona, au Uliambiwa?

Vijana wenzangu wa kalamu, tuache kiburi cha "nimeona kwa macho yangu". Umeona nini, bwana?

Mwaka 1974, huko Marekani, Elizabeth Loftus na John Palmer waliwaonyesha wanafunzi 150 filamu ya ajali ya magari. Hamsini wakaulizwa mwendo wa magari "yalipogongana", hamsini wengine "yalipobamizana". Baada ya wiki: je, mliona vioo vimevunjika? Wa "kugongana", 7 wakasema ndiyo. Wa "kubamizana", 16. Na vioo havikuvunjika hata kimoja! Vilivunjwa na neno.

Nasi mtaani? Mmoja anapiga yowe "Mwizi!", mtu anavishwa tairi, kesho yake kila mtu anaapa alimwona akiiba. Wewe mwandishi, kabla hujaandika "aliiba", jiulize: uliona, au uliambiwa?